Shahidi Asiyejulikana Alikotoka

Siku za soko, Mpondwe, wilayani Kasese, hujaa watu tangu alfajiri. Wafanyabiashara huvuka mto Lhubiriha kutoka Kasindi, upande wa Kongo, na wenzao wa Uganda huwapokea kwa Lukonzo, kwa Kiswahili na kwa Kifaransa cha kuokoteza. Pamoja na mawese, vitenge, samaki na maharage, simu nazo huvuka: mpya, za mitumba, zilizosahaulika nywila, na nyingine ambazo anayezibeba si mwenyewe. Nyingi huishia Bwera, kwenye vibanda vya mafundi simu.

Kazi ya fundi simu imepanuka. Zamani ilikuwa kubadili kioo, kuchomea mdomo wa chaji na kuflash simu iliyoganda. Siku hizi huenda akaja mama anayetaka picha za mwanawe aliyefariki, zilizobaki ndani ya simu iliyofungwa. Huenda kikaja kikundi cha akiba kinachotaka kujua ni nani aliyefuta ujumbe wa fedha, au mume anayetaka kusoma yale ambayo mkewe ameyafuta. Na huenda akaja mtu anayetafuta ushahidi wa kupeleka mahakamani.

Kazi hiyo ina zana zake. EnCase, FTK, Magnet AXIOM, Oxygen, na UFED ya kampuni ya Cellebrite ya Israeli ni programu zilizotengenezwa kwa ajili ya polisi na maabara, na leseni zake hugharimu maelfu ya dola. Kijana wa Bwera hawezi kuzigusa fedha hizo, wala mwalimu wa kompyuta wa Kasese mjini. Anachoweza kupata ni kraki: nakala iliyovunjwa kufuli la leseni, inayopitishwa kwa flashi kutoka mkono hadi mkono au kupakuliwa bure. Hapo ndipo linapozaliwa swali ambalo ni la dini na falsafa kabla halijawa la kompyuta. Je, mtu anaweza kuutafuta ukweli kwa chombo cha wizi, na ukweli huo ukabaki ukweli?

Ukiifungua kraki kwa makini, yenyewe hujieleza. Faili huja limefungwa kwa nywila nyepesi, mara nyingi 123 au 1234. Nywila ya namna hiyo haizuii mwizi yeyote. Kazi yake ni kuiziba macho antivairasi, isiweze kuona kilichomo ndani. Kuna folda ya programu, kuna folda ya kraki, na kuna karatasi ya maelekezo inayomtaka msomaji aisome kwanza. Maelekezo hayabadiliki sana: zima antivairasi, kata intaneti, nakili faili hili ulibandike juu ya lile la asili, kisha liendeshe ukiwa na mamlaka kamili ya kompyuta. Usisasishe programu hii kamwe. Mtu anayetekeleza maelekezo hayo huwa amemfukuza mlinzi, amefunga mlango ili majirani wasisikie, na amemkabidhi funguo zote mgeni asiyemjua jina wala nchi.

Kwamba hatari hiyo ipo, imeshaonekana. STOP, ambayo pia huitwa Djvu, virusi vinavyofunga mafaili na kudai fidia, vilisambaa duniani kote kuanzia 2018 hasa kupitia kraki na programu za kutengeneza namba za leseni. Aprili 2023 kampuni ya Google ilikwenda mahakamani Marekani dhidi ya wasambazaji wa CryptBot, programu inayoiba nywila na taarifa za fedha, ambayo hupenyezwa kwa nakala bandia za programu maarufu. Google ilikadiria kuwa kompyuta zipatazo 670,000 ziliambukizwa ndani ya mwaka mmoja tu. Mtu aliyepakua kraki ili acheze mchezo wa kompyuta hupoteza vitu vyake mwenyewe. Aliyeipakua ili achunguze simu za watu huvipoteza vitu vya watu: picha zao, ujumbe wao, namba za siri za akaunti zao za simu, na pengine nakala pekee ya ushahidi wa kesi.

Swali la kwanza ambalo watu wa dini huulizwa ni jepesi kutamka: je, kunakili programu ni wizi? Baraza la Kimataifa la Fiqhi ya Kiislamu, lenye makao yake Jidda, lilikutana Kuwait Desemba 1988 likaamua kwamba haki za mtunzi na za mvumbuzi ni mali yenye thamani, kwamba sheria ya dini inazilinda, na kwamba kuzivamia hakufai. Si wanazuoni wote waliotangulia waliokubali wazo hilo. Huko Bara Hindi, Mufti Muhammad Shafi alilikataa wazo la mtu kumiliki haki ya kuchapa, na mwanawe Mufti Taqi Usmani akaja kulitetea. Anayechukua mbuzi wa jirani humwacha jirani bila mbuzi; anayenakili programu hamwachi mwenye programu bila programu. Tofauti hiyo ni ya kweli, na si haki kuipuuza kwa haraka.

Tena ipo hoja ya dhiki. Fiqhi inajua kwamba dharura huhalalisha lililokatazwa, kwa kadiri ya dharura yenyewe. Ukristo nao una mafundisho yaliyo karibu na hayo: katika karne ya 13, Thomas wa Akwino alifundisha kwamba mwenye dhiki kuu na ya wazi, akichukua cha mwenzake ili asife, hatendi wizi kwa maana yake halisi. Kijana wa Bwera anaweza kusimama mbele ya sheikh au padri na kusema: bei hizi ziliwekwa na watu wasiojua mshahara wa hapa, na mama huyu anazililia picha za mwanawe. Nani atamhukumu?

Mjadala ukiishia kwa mwenye programu na mwenye kraki, unamwacha nje mtu muhimu kuliko wote wawili. Huyo ni yule ambaye simu yake iko mezani. Yeye hakupakua chochote, hakuuza chochote, na mara nyingi hata hayupo. Lakini neno litakalotoka ndani ya ile laptopu litasemwa juu yake.

Kasese inajua uzito wa neno la namna hiyo. Novemba 2016, vikosi vya serikali viliposhambulia kasri la mfalme wa Rwenzururu, Charles Wesley Mumbere, watu zaidi ya 100 waliuawa katika siku mbili. Mfalme mwenyewe na watu wengi walishtakiwa, na kesi ikavuta miaka, hadi Juni 2023, pale mkurugenzi wa mashtaka alipoyaondoa mashtaka dhidi yake na wenzake zaidi ya 200. Mwezi huohuo, usiku wa tarehe 16, waasi wa ADF walivamia Shule ya Sekondari ya Lhubiriha, iliyo takriban kilomita 2 kutoka mpakani, wakaua watu zaidi ya 40, wengi wao wanafunzi. Bweni la wavulana lilichomwa moto. Baadhi ya miili iliteketea kiasi kwamba wazazi hawakuweza kumtambua mtoto wao, ikabidi vichukuliwe vipimo vya vinasaba. Mzazi aliyesubiri jibu hilo alikuwa akisubiri neno la watu asiowajua, juu ya kipimo asichokielewa, aambiwe ni nani wa kumzika. Hakuna namna ya kumweleza mtu maana ya kuliamini neno la maabara iliyo nzito kuliko hiyo.

Katika wilaya yenye historia hiyo, namba za Kongo ndani ya simu zinaweza kusomwa kwa namna mbili. Kwa mfanyabiashara wa Mpondwe ni jambo la kila siku, na kwa Mkonzo ambaye ndugu zake Wanande wako ng'ambo ya mto ni ukoo. Kwa jicho la mashaka, namba hizohizo ni dalili ya ushirika na waasi. Saa ya ujumbe ikisomwa vibaya, au faili likionekana mahali ambapo halikuwapo, mtu anaweza kulala rumande miaka.

Wanazuoni wa hadithi walilikabili tatizo hili zaidi ya miaka elfu moja iliyopita. Bukhari, aliyefariki mwaka 870, na Muslim, aliyefariki 875, hawakutosheka na uzuri wa habari. Walimuuliza kila aliyeipokea: umesikia kwa nani, naye alisikia kwa nani, na je, mnyororo huo, yaani isnadi, unafika bila kukatika? Kila mpokezi alipimwa kwa mambo mawili, uadilifu wake na umakini wake wa kuhifadhi. Mtu anaweza kuwa mcha Mungu na bado akawekwa kando kwa sababu kumbukumbu yake inayumba. Na mpokezi asiyejulikana, ambaye hakuna anayeweza kueleza alikuwa nani, habari yake huhesabiwa kuwa dhaifu. Hakuitwa mwongo. Waliochambua isnadi hawakusema kwamba kila alichosema si kweli. Walisema tu kwamba haiwezekani kujengea hukumu juu yake.

Kraki ni mpokezi wa aina hiyo. Inasimama katikati ya simu na hakimu, inapokea na kusimulia, na hakuna anayejua aliyelifungua kufuli ni nani, alibadili mistari mingapi, wala aliongeza nini. Huenda ripoti yake ni sahihi kabisa, na bado haifai. Wanaosema "lakini imetoa picha zilezile" wamejibu swali ambalo halikuulizwa.

Waganda wana sheria inayouliza karibu maswali hayohayo. Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya mwaka 2011 inamtaka hakimu, anapoupima ujumbe wa kielektroniki, aangalie jinsi ulivyotengenezwa na kuhifadhiwa na kama njia hizo ni za kutegemewa. Wakili mwenye akili akimuuliza fundi, "Programu hii umeitoa wapi?", jibu la kweli linaweza kuivunja kesi, na jibu la uongo ni ushahidi wa uongo chini ya kiapo. Mtu aliyeanza kwa kukosa fedha ya leseni huenda akamaliza kwa kuapa uongo mbele ya Mungu na watu.

Hapa hoja ya dharura inapoteza nguvu zake. Fiqhi inayosema dharura huhalalisha lililokatazwa ndiyo hiyohiyo inayosema kwamba madhara hayaondolewi kwa madhara mfano wake. Mwenye njaa anaweza kula mkate wa jirani, lakini hawezi kumtupia jirani mwingine njaa hiyo. Thomas wa Akwino aliyemsamehe mwenye dhiki hakumsamehe shahidi wa uongo. Kwake yeye, kama kwa Agostino wa Hippo kabla yake, uongo haugeuki kuwa halali kwa sababu ya nia njema. Umaskini wa fundi ni wake, na unastahili kuhurumiwa. Gharama yake isibebwe na mtuhumiwa ambaye hata hajui jina la programu inayomshuhudia.

Hatari hii haiko kwenye kraki peke yake, na ni vizuri kulisema hilo wazi. Mwaka 2011 huko Florida, Marekani, Casey Anthony alisimama kizimbani kwa shtaka la kumuua binti yake mdogo. Baraza la wazee wa mahakama liliambiwa kwamba kwenye kompyuta ya nyumbani kwao ukurasa mmoja kuhusu klorofomu ulitembelewa mara 84. Programu iliyotoa hesabu hiyo ilikuwa imekosea. Programu nyingine, iliyosoma rekodi zilezile, ilionyesha mara 1. Mtengenezaji wa programu iliyokosea, John Bradley, aligundua kosa lake, na akasema baadaye kwamba aliwaarifu waendesha mashtaka kesi ikiwa bado inaendelea. Mshtakiwa aliachiwa huru kwa shtaka la mauaji, ambalo adhabu yake ingeweza kuwa kifo.

Wakatoliki wa Kasese wanaijua habari inayofanana na hiyo, maana imo katika Biblia yao, mwishoni mwa kitabu cha Danieli. Wazee wawili walimsingizia Susana uzinzi, na umati ukawa tayari kumuua. Danieli aliwatenganisha, akamuuliza kila mmoja peke yake walimwona chini ya mti gani. Mmoja akataja mti huu, wa pili mti mwingine. Wachunguzi wa leo hufanya hivyohivyo wanapoisoma simu moja kwa programu mbili zisizojuana na kulinganisha majibu. Lakini Danieli aliweza kuwauliza kwa sababu walikuwa mbele yake. John Bradley aliweza kuulizwa kwa sababu alikuwa na jina na anwani. Aliyeivunja leseni hana lolote kati ya hayo, na siku programu yake itakaposema 84 badala ya 1, hakuna mtu atakayeandika barua kumwarifu mwendesha mashtaka.

Mfano wa Cellebrite ni mzito zaidi. Aprili 2021, Moxie Marlinspike, mwanzilishi wa programu ya ujumbe ya Signal, alieleza kwamba ameichunguza programu ya kampuni hiyo na kukuta inabeba vipande vya msimbo vya mwaka 2012 ambavyo havikuwa vimesasishwa, ingawa marekebisho ya usalama zaidi ya 100 yalikuwa yametoka. Alionyesha kwamba faili moja lililoandaliwa kwa ujanja, likiwa limekaa ndani ya simu, linaweza kuamrisha kompyuta ya mchunguzi pale inapolisoma. Lingeweza kubadili ripoti inayoandaliwa wakati huo, na pia ripoti zilizopita na zitakazokuja. Alisema vilevile kwamba alikuta ndani yake vipande vya programu ya Apple ambavyo havikuonekana kuwa na ruhusa. Leseni, basi, haimfanyi mtu mtakatifu. Tofauti ni kwamba Cellebrite ililazimika kujibu, na wateja wake wakapata toleo lililorekebishwa. Mwenye kraki hawezi kulipokea toleo hilo, kwa sababu siku atakaposasisha ndiyo siku kraki itakapokufa. Anabaki na tundu lilelile mwaka baada ya mwaka.

Na hata faili la uongo linaweza kuwekwa na mtu mwenye nia. Nchini India, mwanaharakati Rona Wilson alikamatwa mwaka 2018 kwa sababu ya barua zilizokutwa kwenye laptopu yake. Februari 2021, kampuni ya Kimarekani ya Arsenal Consulting ilitoa ripoti kwamba barua hizo zilipandikizwa na mvamizi aliyetumia NetWire, programu inayomwezesha mtu aliye mbali kuiendesha kompyuta ya mwingine. Programu za aina hiyo ni miongoni mwa vitu vinavyojificha ndani ya kraki. Mchunguzi ambaye kompyuta yake imeingiliwa hivyo hawezi kuapa kwamba kilichotoka kwenye simu ndicho kilichokuwamo. Uaminifu wake binafsi haumsaidii kitu.

Na dharura yenyewe iko wapi? Tangu mwanzo wa miaka ya 2000 zipo zana za bure, halali, ambazo msimbo wake uko wazi kwa yeyote anayetaka kuusoma. Dan Farmer na Wietse Venema walitoa zana zao mwaka 2000. Brian Carrier akajenga juu yake The Sleuth Kit na Autopsy, ambayo leo inachunguza diski na kadi za kumbukumbu kwa kubofya tu. FTK Imager, ya kutengeneza nakala kamili ya diski, hutolewa bure. ALEAPP husoma data za simu za Android. Mwaka 2002 Carrier aliandika kwamba mbele ya mahakama zana iliyo wazi inaweza kuwa na nguvu kuliko ya kununua, kwa kuwa upande wa pili unaweza kuikagua jinsi inavyofanya kazi. Hazifanyi kila kitu. Simu iliyofungwa vizuri hazitaifungua. Lakini anayesema hana njia nyingine isipokuwa kraki, mara nyingi hajajaribu njia nyingine.

Kuna jambo moja ambalo hata zana halali haiwezi kulitatua. Uislamu unakataza kupeleleza aibu za watu, na mafundisho ya Kikristo kuhusu siri na masingizio hayako mbali na hapo. Sheria ya Uganda ya Kulinda Data na Faragha ya mwaka 2019 nayo inadai idhini au sababu halali kabla ya taarifa za mtu kukusanywa. Mume anayemletea fundi simu ya mkewe hana haki ya kufunguliwa, hata fundi awe na Autopsy, cheti na leseni ya kila kitu. Mama wa marehemu ana sababu nyingine kabisa. Fundi anapaswa kujua tofauti hiyo kabla hajagusa waya.

Kwa hiyo hukumu ya jambo hili haianzii kwa mfanyabiashara wa ng'ambo anayeuza programu. Kumdhulumu yeye ni kosa, ingawa wanazuoni wamebishana kuhusu kina chake. Kumdhulumu mtuhumiwa, mjane au mzazi kwa ushahidi usio na baba wala mama ni kosa ambalo hakuna madhehebu inayolibishania.

Dayosisi ya Rwenzori Kusini ya Kanisa la Uganda, Jimbo Katoliki la Kasese, misikiti na vyuo vya wilaya wana watu, wana kumbi, na baadhi wana maabara za kompyuta. Waanzishe mafunzo ya zana zilizo wazi kwa mafundi simu wa Bwera na Kasese, na masheikh na mapadri wakae humo darasani kufundisha upande wa amana. Kwa sasa, fundi anayeletewa simu ya kesi na hana programu anayoweza kuitaja asili yake mbele ya hakimu, asiifungue. Kama imezimwa, aiache imezimwa. Kama inawaka, aiweke katika hali ya ndege. Aandike saa, aina ya simu, namba ya IMEI kama ipo kwenye boksi, na jina la aliyeileta. Amtake atie sahihi, kisha amwambie aifikishe kituo cha polisi ikiwa vilevile ilivyo, na aombe hati ya makabidhiano.